Mpangaji wa Kifuani

Godoro lilipobwagwa sakafuni halikulia puu kama magodoro mengine. Lilishusha pumzi, taratibu, kama mtu aliyevuliwa viatu vya kubana.

"Umesikia?" Msomi aliuliza.

"Nimesikia njaa yako," kaka yake alimjibu akichukua mkasi. "Funga mlango."

Jina la Msomi binti huyu alibandikwa na mtaa, na wala halikuwa sifa. Alikuwa na digrii yenye muhuri wa kung'aa. Alikuwa ametuma sivii kila ofisi yenye mlango, akajibiwa "we will get back to you" mpaka akaona hata waongo wa mtaani wana afadhali, hao angalau wanakuangalia usoni. Kazi aliyoipata mwishowe ilikuwa hii: kumsaidia kaka yake, fundi magodoro, kuchapa pamba kuukuu. Unachana godoro chakavu, unatoa pamba iliyogandamana, unaitwanga kwa fimbo mpaka ifumuke, unajaza upya. Mlango na dirisha hufungwa kabisa, maana upepo ukiingia pamba yote inaruka. Fundi alijivunia kwamba pamba haikuwahi kumtoroka hata kidogo.

Mwenye godoro, mama mmoja mjane, alikuwa ameomba lishonewe kitambaa kipya juu kwa juu, bila kuchanwa. Marehemu wake alililalia katika chumba kilichoingia maji, alisema, na ndani yake si kwema.

"Fundi gani anashona uchafu ndani?" Fundi akacheka, akalichana.

Pamba ilikuwa nyeusi yenye ukijani, imelowa ilhali imeanikwa juani. Harufu ikatoka, ya kabati lililofungiwa kitu na kusahauliwa. Msomi akakaza kitambaa alichojifunga puani.

"Unajificha wenzako wa chuo wasikuone?" Fundi akamtania. Yeye hakuwahi kujifunga kitu. Akainua fimbo, akapiga.

Vumbi likapanda, na badala ya kutawanyika likasimama. Lilisimama wima mbele ya Fundi, kimo chake, mabega yake, na alipovuta pumzi ya kupiga tena likainama na kumwingia kinywani lote kwa mkupuo mmoja, kama mtu anayeinama kupita mlango mfupi.

"Kaka!"

"Nini tena? Vumbi tu hilo. Endelea."

Kikohozi kilianza kidogo, cha kuomba radhi. Kisha kikazoea nyumba. Fundi akakonda, suruali ikawa inamvaa yeye badala ya yeye kuivaa. Kwenye kliniki ya jirani wakampa dawa ya maji, wakampa vidonge, wakampa vingine vya rangi tofauti. Kwa kuwa aliwahi kuugua kifua kikuu ujanani akapona, wakampima tena. Hana. Wakamwambia anywe maji mengi. Maji! Msomi alitamani kuwauliza na wao walisomea wapi.

Siku aliyokohoa damu, wifi yake, mke wa Fundi, alimvuta Msomi jikoni, akafunga mlango kwa mgongo.

"Wifi, usinicheke."

"Nina sura ya kucheka mimi?"

"Akipumua, kuna mwingine anapumua. Hawaendi pamoja. Yeye akishusha, huyo anapandisha. Na akigeuka kulalia ubavu, kuna kitu kinabiringika humo ndani. Nimekisikia kwa sikio langu. Kinajigeuza, wifi. Kinatafuta pa kulala vizuri."

Msomi akamwamini. Usomi wote ule, na akamwamini.

Mganga akaitwa. Alikuja mchana, akataka karakana ifungwe, nyufa zizibwe kwa matambara, Fundi aketishwe juu ya pamba ileile na kufunikwa blanketi pamoja na chetezo cha moshi. Kisha akaamuru pamba ichapwe mbele yake, ili jini akumbuke kwao arudi.

"Wewe ni nani?" mganga akauliza. "Umefuata nini kwa huyu?"

Chini ya blanketi Fundi alikuwa anakohoa, na sauti haikungoja amalize. Ilipita katikati ya kikohozi chake, laini, yenye adabu.

"Nimekuta chumba kitupu. Si kilikuwa wazi?"

"Chapa!" mganga akafoka, na wifi akachapa huku akilia, na vumbi likapanda tena likajaa chumba kizima, moshi juu yake, giza la mchana, na kila fimbo iliposhuka pumzi ile ya pili ikawa nzito zaidi, ya karibu zaidi, kana kwamba inakula na haijawahi kula vizuri hivyo, mpaka blanketi likalowa doa jekundu lililokuwa linatambaa kama linajua linakokwenda, na Msomi akaona mkono wa kaka yake ukitoka chini yake, ukipapasa hewani, ukimtafuta mtu yeyote. Akaupiga mlango teke.

"Binti, umeharibu! Umemwachia!"

"Nimemwachia hewa, mzee. Nenda kwenu."

Katika hospitali kubwa, daktari mwanamke mwenye macho ya kukosa usingizi aliuliza swali ambalo hakuna aliyewahi kuuliza. "Unafanya kazi gani?" Walipomweleza, akaweka kalamu chini. Picha ya kifua ilionyesha tundu jeusi juu ya pafu, na ndani ya tundu, duara jeupe limekaa kitako.

"Kifua kikuu cha zamani kiliacha shimo," alisema. "Vumbi la ukungu wa pamba limeingia humo, likaota, likajisokota bonge. Hiyo ni kuvu. Sote tunaivuta kila siku na haitufanyi kitu. Ila yeye ameivuta nyingi, chumba kimefungwa, na alikuwa na pa kuipokelea."

"Dokta," wifi akanong'ona, "huwa kinabiringika."

Daktari hakucheka. Alimlaza Fundi ubavu, akapiga picha nyingine. Duara lilikuwa limehama, limeegemea upande wa pili.

"Mimi naita kuvu," alisema polepole. "Nyinyi iiteni mnavyojua. Ila itoke kwa kisu, na mapema, kabla haijakata mshipa mkubwa. Ikifika hapo sitaweza kumsaidia."

Wifi akamwangalia Msomi. Msomi akamwangalia kaka yake, ambaye hakuwa na pumzi ya kubishana.

"Mpasueni," akasema Fundi. "Nimechoka kuishi wawili."

Alipozinduka walikuwa wamemkatia kipande cha pafu. Msomi aliinama, akaweka sikio kwenye kifua kile kilichojaa bandeji. Alisikiliza muda mrefu.

"Mko wangapi humo?"

"Niko peke yangu," Fundi akasema, na machozi yakamtiririka hadi masikioni. "Mdogo wangu, niko peke yangu."

Msomi akatoka koridoni alie mahali asipoonekana. Nesi alikuwa amesimama chini ya taa, ameshika kichupa kipana kilichofungwa kwa utepe, ndani yake bonge la rangi ya kahawia kubwa kama limau. Alikuwa akikifuta kwa kona ya koti.

"Sijui kina nini," akamwambia Msomi kwa uchovu wa kawaida. "Nakifuta, kinashika mvuke tena."

Msomi akasogea. Mvuke ulikuwa upande wa ndani. Ulitanda kwenye kioo, ukafifia, ukatanda, ukafifia, polepole, kwa utaratibu wa mtu aliyelala usingizi mzito.

Mlango wa maabara ukafunguka mwisho wa korido.

"Kilete," sauti ya kijana ikaita, "tukifungue."

Mvuke ukaanza kwenda mbio.