Biskuti za Oti za Mama Oighrig

Jumamosi hiyo ukungu ulishuka mapema. Ulifunika kisima, ukafunika kondoo, kisha ukaja kusimama dirishani kama mgeni anayeona haya kupiga hodi.

Ndani, moto wa udongo mweusi, unaochimbwa na kukaushwa kama kuni, uliwaka polepole. Mama Oighrig alikaa karibu na jiko, mikono mapajani. Alikuwa na miaka themanini na tatu na meno manne. Kutoka bandani ilisikika sauti ya mtambo wa kufumia: taka-taka, taka-taka. Huko alikuwa mwanawe, Ailean, akifuma kitambaa cha sufu.

Murdina, mke wa Ailean, alileta bakuli la uji.

“Kula kidogo, Mama.”

“Nimeshiba, mwanangu.”

“Umeshiba nini? Tangu jana ni chai tu.”

“Chai nayo ina uzito wake.”

Murdina alitazama mkono wa mama mkwe wake. Pete ya ndoa ilikuwa imezungushiwa uzi wa sufu ili isidondoke. Majira ya kiangazi uzi huo haukuwapo. Bibi alikuwa anapungua, siku baada ya siku.

Mama Oighrig alifumba macho. Hakuwa amelala, wala hakuwa macho.

“Beathag alininunulia,” alisema taratibu. “Tulipokuwa wasichana, tukienda kupasua samaki kule bandari ya mbali. Biskuti za oti, zenye viungo. Zilikuwa laini. Vidole vyetu vilinuka samaki, lakini biskuti zilinuka Krismasi.”

Beathag alikuwa dada yake. Alikufa zamani.

“Ukizipata, utakula?” Murdina aliuliza.

“Moja nitakula.”

Basi Murdina akafunga aproni. Oti alikuwa nazo. Nani kisiwani kwetu hana oti? Alichukua zile za punje nene, za kuokea mikate mikavu. Akashusha kopo la viungo lililokaa rafuni juu ya jiko tangu harusi yake. Akachanganya, akatia ndani ya oveni, akasubiri.

Kila mara alifungua, akabonyeza biskuti kwa kidole. Bado laini. Akafunga. Akabonyeza tena. Bado. Alizitoa zilipokuwa ngumu kabisa, kama mama yake alivyomfundisha kutoa mikate ya oti.

Mama Oighrig alipokea moja. Akaigonga kwenye kikombe. Ko, ko. Akatabasamu kwa adabu, akaitia mfukoni mwa aproni yake.

“Nitaila baadaye,” alisema.

Murdina aligeukia dirisha ili machozi yake yasionekane. Kesho ilikuwa Jumapili, na Jumapili, siku ya Bwana, hatuoki kitu. Kama siku hiyo ingepita, ingebidi kungoja mpaka Jumatatu. Na hamu ya mzee ni kama jua la huku. Hujui litarudi lini.

Mlango ukafunguka. Aliingia Dolina, jirani, aliyepika katika shule ya watoto kwa miaka ishirini na miwili. Hakubisha hodi. Kwetu anayebisha hodi ni askari au mhubiri.

“Nani anavunja mawe humu?” aliuliza. “Nimesikia mpaka njiani.”

“Ni biskuti zangu,” Murdina alisema. “Niache, Dolina.”

“Nikuache na meno ya nani? Lete nione.” Aliibonyeza, akainusa. “Mbona haina harufu?”

“Nimetia mdalasini. Vijiko viwili.”

Dolina alifungua lile kopo, akaliweka puani, kisha akampa Murdina.

“Nusa. Hiki ni mdalasini au vumbi la barabarani?”

Murdina alinusa. Hakusikia kitu.

“Viungo havipendi mvuke wala joto,” Dolina alieleza. “Umeviweka juu ya jiko miaka kumi na moja. Harufu imekwenda zake. Viweke kabatini, gizani, na kopo lifungwe vizuri. Ngoja.”

Alikwenda kwake, akarudi na karatasi tatu zilizokunjwa. Moja ya mdalasini, moja ya tangawizi, moja ya karafuu. Kwapani alibana mfuko wa oti bapa.

“Punje nene ni za watu wenye meno,” alisema. “Chukua hizi bapa, vikombe viwili. Ziloweshe kwanza kwa maziwa ya moto, vijiko vinne, zipate kulainika.”

Murdina alifuata polepole. Siagi nusu kikombe, aliikoroga na nusu kikombe cha sukari mpaka ikawa nyeupe. Yai moja. Unga wa ngano kikombe kimoja, na kijiko kidogo cha beking pauda. Mdalasini kijiko kidogo, tangawizi nusu yake, karafuu ya kushikwa kwa ncha ya kisu. Mwisho akatia zile oti.

Baada ya dakika kumi na mbili, Dolina alisema, “Toa.”

“Ziko mbichi hizi. Katikati zinabonyea.”

“Pembeni zina rangi gani?”

“Kahawia.”

“Basi toa. Mkate wa oti huiva ndani ya moto. Biskuti humalizia nje. Ziache juu ya trei dakika kumi, usiziguse.”

Harufu ilianza kutembea. Ilipita mezani, ikapita kitini kwa Mama Oighrig, ikatoka hadi bandani. Mtambo ukanyamaza. Ailean alisimama mlangoni, nyuzi za sufu zimemnasa nyweleni, akasahau alichokuja kusema.

Mama Oighrig alifungua macho. “Beathag amekuja?” aliuliza.

Murdina alimwekea biskuti moja mkononi, ingali na joto. Ilikatika kwa vidole. Bibi aliila taratibu, akitazama ukungu, kana kwamba mtu anamsimulia jambo kutoka huko nje.

“Nyingine,” alisema.

Zilizobaki Dolina alizitia koponi pamoja na kipande cha mkate wa ngano. “Mkate utakauka, biskuti zitabaki laini mpaka kesho.”

Ikawa hivyo. Jumapili baada ya ibada, nyumba ikiwa kimya na mtambo umepumzika, Mama Oighrig alikula mbili, kisha akaomba uji. Upepo ulikuwa umeanza, na mlango ulikuwa unajigonga-gonga. Bibi alitia mkono mfukoni, akatoa ile biskuti ya kwanza.

“Murdina, mwanangu,” alisema. “Hii nilikutunzia. Weka chini ya mlango.”

Murdina alicheka mpaka akakaa. Kisha akaiweka, na mlango ukatulia.

Kopo la viungo sasa liko kabatini, gizani. Kila Jumamosi Murdina huoka. Na siku theluji ya kwanza ilipoanguka, Mama Oighrig aliomba mkasi. Akakata ule uzi wa sufu kwenye pete yake, ambayo sasa ilimkaa kidoleni, akautupa motoni.