Fomu ya Kumi

Usinikunjie uso, mwanangu. Na hiyo kalamu iweke chini kwanza. Umeniita mwenyewe, umenikalisha, halafu neno la kwanza tu unatikisa kichwa kama mtu anayefukuza nzi. Eti chumba hiki hakikuwa na mtu kabla yako. Eti kilikuwa stoo. Stoo gani ina ndoano ya koti nyuma ya mlango? Na hilo duara jeusi mezani, hapo chini ya kiwiko chako, ni la kikombe cha nani?

Ni cha Macho Manne. Tulimwita hivyo kwa sababu alivaa miwani moja puani na nyingine kwenye kipaji cha uso. Daktari wa vitabu, si wa sindano. Alikaa kwenye kiti hichohicho miaka kumi na minne akichunguza namna watu wanavyoabudu. Mimi na cherehani, yeye na dini za watu.

Hakuna anayemkumbuka. Ndiyo maana nimekuja, na ndiyo maana nina hasira.

Mjukuu wangu alikuwa mwanafunzi wake. Tunamwita Maswali tangu ana miaka minne, na jina likamfuata mpaka hapa chuoni. Macho Manne alimtuma achunguze kikundi chetu, sisi wanawake tunaokutana Alhamisi alasiri katika chumba cha nyuma cha duka langu la ushonaji. Si siri. Tunaimba, tunatuliza pepo zetu, tunakunywa chai, tunarudi kupika. Mke wa fundi saa ana pepo mwenye wivu. Muuza mkaa ana mlevi. Tumezoeana nao kama majirani wenye kelele.

Sharti letu ni moja tu. Hatuhesabiani. Humo ndani hakuna kuuliza tuko wangapi. Chai ikija, sinia linapita mpaka mikono iishe. Mikono ikiisha, basi.

Nilimwambia Maswali akiwa bado mlangoni anavua viatu.

"Sasa bibi, idadi ya washiriki nitaiandikaje?"

"Andika 'wanatosha'."

"Macho Manne atanitupia karatasi usoni."

"Uso utapona."

Akacheka. Akaingia na fomu zake. Wenzangu siwahesabu hata leo, lakini fomu ni karatasi, nazo nilizihesabu mwenyewe. Alikuja na tisa.

Tulikuwa katikati ya wimbo. Jua limeshuka, taa bado. Yeye kasimama nyuma yetu, anagusa kila bega kwa ncha ya penseli, ananong'ona. Nikasikia "saba". Nikasikia "nane". Nikataka kugeuka nimkanye...

"Tisa. Kumi."

Wimbo ukakatika. Hakuna aliyesema tunyamaze.

"Nimekosea," akasema. Akaanza upya.

Kumi tena.

Ndipo harufu ikaja. Unajua nguo iliyokunjwa mbichi ikasahauliwa sandukuni? Hiyo. Na cherehani yangu, iliyokuwa kona, haina mtu, pedali ikashuka mara moja. Tak. Ikatulia.

Alizigawa fomu, akazikusanya. Fomu zilizogawiwa ni tisa. Zilizorudi ni kumi.

Ile ya kumi niliisoma mimi mwenyewe, darasa langu la saba linanitosha. Mwandiko mdogo, sawasawa, kama mshono wa mashine.

Umri wako? *Sijaanza.*

Je, unaamini kuwa kuna viumbe wasioonekana? *Hapana.*

Unahudhuria mara ngapi? *Nikihesabiwa.*

Nani alikualika? *Msichana mwenye penseli.*

Nikasema tuichane. Maswali akaikumbatia. "Bibi, hii ni data." Kesho yake akampelekea mwalimu wake.

Wiki ileile balaa likaanza. Nyumbani tuko mimi, binti yangu, mume wake na Maswali. Binti yangu akapakua sahani nne. Tukakaa. Sahani nne zote zina wenyewe, na Maswali amesimama ukutani hana yake.

"Nani hajapata?" binti yangu akauliza. Alimtazama mtoto aliyemzaa, akatazama pembeni.

Mbele ya ile sahani ya nne hakukuwa na mtu. Lakini ilipoondolewa, ilikuwa imelika.

Usiniulize. Nakwambia nilichoosha.

Ikawa hivyo kila mahali. Darasani jina lake linarukwa. Muuza mkate anahudumia wa mbele yake na wa nyuma yake. Aliniambia kwa sauti ndogo, "Bibi, ninahisi kama nasukumwa kutoka kwenye benchi." Nikaelewa. Hesabu imeshaandikwa kumi, huyo wa kumi anataka nafasi, na nafasi aliyoipenda ni ya yule aliyemhesabu.

Nikaja hapa. Mara ya kwanza mlinzi akanipa fomu ya kuomba kuonana na mtu wa fomu. Mara ya pili Macho Manne akanipokea vizuri, akanivutia kiti, akanieleza taratibu kama anamlisha mtoto.

"Bibi, sisi hatusemi pepo wapo. Wala hatusemi hawapo. Tunaandika watu wanavyosema, wanavyofanya, na hayo yanawasaidiaje kuishi pamoja."

"Ukimwona nyoka kitandani utaandika watu wanasema kuna nyoka?"

Akacheka, akaliandika hilo pia!

"Mwanafunzi wako anafutika," nikamwambia. "Nipe fomu ya kumi niichane."

"Data haichanwi, bibi. Halafu huyo wa kumi ni adimu sana. Kikundi kizima cha pepo, na mmoja anajibu 'hapana'." Akashusha miwani ya kipajini. "Mwanafunzi yupi lakini?"

Nilirudi nyumbani nimeuma meno mpaka taya linauma. Nilieleza kwa Kiswahili, siyo lugha ya ndege. Binti yangu naye nilipomwambia, akaniuliza kama nimemeza dawa zangu za presha.

Siku tatu baadaye nilikuwa dukani nakata kola. Msichana akaingia, akasimama mbele ya meza, machozi yanamtoka. Nikamwambia, kwa mdomo wangu huu:

"Karibu. Unamtafuta nani?"

Akasema, "Bibi..."

Mkasi ukaniponyoka.

Sikungoja. Nilimfunga utepe wangu wa kupimia mkononi, ncha ya pili nikaifunga kwangu, tukaja hapa jioni ileile kabla hawajafunga. Njia nzima nilikuwa nalitaja jina lake kama mwendawazimu. Macho Manne alikuwa anavaa koti.

"Bibi, tumeshaongea."

"Sikuja kuongea. Nimekuja unionyeshe kazi yenu. Mjukuu wangu alihesabuje watu, mpaka karatasi tisa zikawa kumi? Labda alikosea tu. Nionyeshe mtu aliyesoma anavyohesabu."

Mtu aliyesoma huwezi kumwambia hivyo akakataa. Akachukua penseli, anatabasamu, akaanza kunyooshea.

"Haya. Mimi, moja. Bibi, mbili. Huyu binti, tatu."

Mkono haukusimama.

Ukaenda wenyewe hadi kiti cha wageni kilichojaa mafaili.

"Nne."

Harufu ikajaa chumba. Kiti kikaburuzika kidogo, kama mtu anayejisogeza mezani. Faili la juu likateleza, likaanguka.

"Bibi..." alinong'ona. Miwani yote miwili ilikuwa imepata ukungu. "Umekuja na nani?"

"Mimi sikuja naye. Wewe ndiye umemhesabu."

Nikavuta utepe, tukatoka. Getini mlinzi akapaza sauti: "Maswali! Mbona umeadimika hivyo?" Mtoto akalia kama aliyetolewa kisimani.

Mwezi haukuisha. Kibao cha jina kikatoka mlangoni, wakasema hapa ni stoo. Mkewe hushona kwangu. Nilimuuliza habari za mumewe, akaniambia hajawahi kuolewa. Alikuwa anaizungusha pete kidoleni wakati anasema.

Kwa nini mimi namkumbuka? Labda kwa sababu mimi ndiye niliyemwambia ahesabu. Kama nilijua kitakachotokea? Weka alama kwenye "sijui". Kisanduku chake kipo, nimekiona.

Sasa wewe umezikuta fomu kumi kwenye droo, unataka kuurudia utafiti, na simu nzima uliniuliza tulikuwa wangapi. Nimekuja kwa jambo moja. Nipe ile ya kumi niichane hapahapa, mbele yako, twende zetu.

Hutaki.

Haichanwi. Haya. Nilijua, ila ilibidi niseme ili nilale.

Basi tazama mezani, msomi wangu. Nilipoingia ulimimina chai. Mimi na wewe tu chumbani.

Vikombe vitatu.

Na hicho cha tatu kimeshafika nusu.

Usigeuke. Usinyooshe kidole. Nilikwambia mapema, kalamu iweke chini. Changu kinywe wewe kama kiu itabaki. Mimi natoka, na mlango naufunga mwenyewe, kwa nje.