Jembe Chini ya Sakafu

Ugali wa Frankline ulikuwa na udongo. Alitema, akamgombeza mkewe, Jacinta. Jacinta akachekecha unga upya, akapika, na tonge la kwanza likakwaruza tena menoni. Nyumba ikaanza kunuka ardhi iliyolowa, ilhali Nyakach nzima ilikuwa kavu.

Mimi simwonei huruma. Milka, mjane wa kaka yake, alilima shamba la nyumbani pale tangu aolewe. Ndiye aliyekuwa mwanamke mkubwa wa boma, na kwa mila hakuna aliyetia mbegu kabla yake. Kaka alipozikwa, Frankline akamfukuza. Milka akafia mjini, Nyalenda, kwenye chumba cha kupanga, na kwenye mazishi ni huyuhuyu Frankline aliyelia kuliko wote. Haya hana. Matanga hayajaisha vizuri, akaleta trekta akapanda, bila kumwita Anyango, binti wa marehemu, aanze kwa niaba ya mama yake. Hakikuota kitu.

Kisha likaja jembe. Jacinta alilisikia mchana, chini ya sakafu ya saruji, likikata udongo laini, likivuta, likikata tena, likitoka jikoni kuelekea sebuleni, kuelekea kigoda alichokalia, hadi akahisi saruji ikitetemeka chini ya nyayo zake, na kila likitua, mtu akikohoa.

"Baba Byron," alimnong'oneza mumewe, "hiyo kikohozi ni ya Milka."

"Nyamaza."

Frankline alimleta Mwalimu Shakir, mtoa majini, kutoka mjini. Shakir alisoma dua, kisha akainama, akaweka sikio sakafuni.

"Toa hiyo kitu, Mwalimu."

"Jini ningemfukuza," Shakir alisema kwa sauti ya chini. "Huyu si jini. Huyu ndiye mwenye shamba. Mrudishie binti yake shamba hili."

"Hii shamba ni yangu."

Jacinta alikwenda Nyalenda mwenyewe, akamleta Anyango, na Anyango akawa wa kwanza kupanda. Siku hiyo jembe likanyamaza. Mvua ilipokuja, mahindi yakaota shamba zima. Mtu mwenye akili angeshukuru. Frankline alingoja Anyango arudi mjini, akaingia shambani kuyang'oa, akitukana.

Alishika mche, akavuta. Kutoka udongoni, kitu kikamshika mkono, kikavuta pia.

Jacinta alimsikia akiita. Akafunga mlango.