Njugu za Dani

Je, umewahi kusifiwa kwa kazi ambayo hukuifanya, ukanyamaza? Basi sikiliza yaliyompata Akumu wa mtaa wa Langas, hapa Eldoret.

Kila Jumamosi nyanya yake, ambaye alimwita Dani kama Wajaluo wengi wanavyowaita nyanya zao, aliwasha jiko la makaa mlangoni. Alichagua njugu, akatupa zilizooza, akazitia nzuri kwenye sufuria pamoja na sukari na maji kidogo.

"Akumu, njoo tukoroge."

"Nakuja, Dani!" Lakini macho yalikuwa kwenye katuni. Akumu alifika njugu zikiwa zimeiva, zimevaa sukari ya kahawia, zikilia kru kru mdomoni.

Siku moja alizibeba shuleni. Rafiki yake Jebet alitafuna, akalamba vidole. "Wah! Nani ametengeneza?"

"Mimi," Akumu akasema. Neno lilimtoka tu.

Mwalimu Linah alikuwa karibu. "Kumbe tuna mpishi! Siku ya wazazi utatuonyesha."

Tangu hapo, kila siku ya wazazi ilipotajwa, alibadilisha mazungumzo. Alitaka kumwambia Dani, lakini aliona haya. Angeanzia wapi?

Siku ikafika. Dani alikuja na kitambaa chake cha kanisani kichwani, akaketi mbele kabisa kwenye uwanja wa shule. Akumu alitia njugu, sukari na maji kwenye sufuria juu ya jiko la makaa, akakoroga. Maji yalichemka, yakakauka. Ghafla sukari ikageuka kama mchanga mweupe, ikang'ang'ania njugu. Akumu hakuwahi kuona kitu kama hicho. Akaiepua sufuria haraka.

"Hizi ni njugu ama mchanga wa mjengo?" Jebet aliuliza. Wanafunzi wakaangua kicheko. Hata wazazi wengine waliziba midomo. "Si ulisema ni wewe hutengeneza?"

Uso ulimwaka Akumu. Alitazama viatu vyake, kisha akamtazama Dani. Dani hakucheka. Alingoja tu. Ingekuwa rahisi kusema kwamba sukari ni mbaya, au jiko lina moto mkali.

"Nilidanganya," Akumu alisema kwa sauti ndogo. "Ni Dani hutengeneza. Mimi huzila tu."

Kicheko kilikatika. Dani akainuka, akaja polepole kwa sababu ya goti lake bovu.

"Rudisha motoni," alisema. "Hazijaharibika. Sukari lazima ikauke kwanza iwe mchanga, ndiyo iyeyuke tena. Anayeepua hapa ndiye huziharibu. Wewe koroga, usiache."

Akumu alikoroga machozi yakimtiririka. Mchanga ule ukaanza kulowa, ukang'aa, ukawa kahawia. Harufu ikasambaa uwanja mzima. Jebet, yule aliyecheka zaidi, ndiye aliyekuwa wa kwanza kunyoosha mkono.

"Ngoja zipoe, utaungua," Akumu alimwambia, bila kuinua macho.

Wakirudi nyumbani, Akumu alibeba sufuria. Hakuthubutu kutembea sambamba na nyanya yake.

"Dani, umenikasirikia?"

"Sifa usiyoitolea jasho, mama, itakuvua nguo mbele za watu. Lakini ukisema ukweli mwenyewe, umejifunika. Leo umefanya yote mawili."

Akumu alifuta pua kwa mkono wa sweta. "Na mbona hukuniambia mapema kwamba sukari hugeuka mchanga?"

"Nilikuwa nikikuita uone."

Akumu aliinamisha kichwa. Aibu hii ilimchoma kuliko ile ya uwanjani.

"Jumamosi nitakuja, Dani. Hata kabla hujaniita."

Dani alisimama kupumzisha goti. Alimshika mjukuu wake bega.

"Kukoroga naweza peke yangu," alisema. "Nilitaka tu tukae wawili pale jikoni."