Sauti Iliyoitikia Kutoka Amboni

Kinasavisa kilianza kwa kuleta mkwaruzo wa mbuzi ya nazi, kisha kikohozi, kisha sauti ya mwanamke wa dunia nyingine akiwakemea watoto wakae vizuri. Kule kwake ilikuwa usiku. Huku Tanga jua lilikuwa la utosi.

Mashine hiyo ya kunasia visa ilifichwa ndani kabisa ya mapango ya Amboni, ambako kelele za mji mpya, roboti zake za bandarini na magari yake yanayoruka, hazifiki. Ukiiona utacheka: nyuzi nyembamba za shaba zimetandwa ukuta hadi ukuta, na katikati yake kipaza sauti kidogo kama kikombe cha kahawa. Lakini kazi yake si mchezo. Wataalamu wa elimuvisa walikwisha kuthibitisha kwamba dunia ni nyingi, zimekaa sambamba, na kinachoziunganisha ni hadithi. Uongo tunaosimuliana huku ni maisha ya watu kule. Na sisi nasi, tupende tusipende, ni ngano za watu fulani wanaotusimulia baada ya kula.

Kusikiliza kuliruhusiwa. Kuitikia kulipigwa marufuku. Msimulizi, awe wa dunia gani, humpindia hadithi yule anayemwitikia. Akisikia mtoto analia, zimwi litakufa mapema. Kwa hiyo anayeitikia anatia mkono katika maisha ya watu, na hakuna ajuaye mkono huo utamgusa nani.

Mhandisi Hidaya aliijua sheria hiyo vizuri mno, maana aliyeitunga, Mzee Machano, mkuu wa kituo, alikuwa ameketi ubavuni pake mchana ule. Wote wawili roho zilikuwa mkononi. Asubuhi kibanda cha anga cha mafundi wanaotengeneza kioo kikubwa cha jua kilipasuka, na hewa ilikuwa inavuja. Ndani mlikuwa na mafundi wawili: Mbwana, mume wa Hidaya, na Faki, mtoto wa pekee wa Machano. Roboti za uokozi zilikuwa njiani. Kama zingewahi au la, hakuna aliyethubutu kusema.

"Paukwa!" mwanamke akaita.

"Pakawa!" watoto wakaitikia kwa pamoja.

"Hapo kale palikuwa na sanduku la chuma, limening'inia juu ya mawingu, na ndani yake mna viumbe wa Mungu wanaotafuta pumzi..."

Hidaya akamshika mzee mkono. "Ni wao, Mzee."

"Ndio wao. Tusikilize tu, mwanangu. Tusikilize."

Mwanamke alijua kusimulia, na hilo ndilo lililowatesa. Hakuwa na haraka hata kidogo. Alieleza chuma kilivyolia, vidole vilivyoanza kufa ganzi, macho yalivyoingia giza, na kila alipoita, sauti za kumjibu zilipungua. Mwishowe alibaki mtoto mmoja anayejibu kwa uvivu. Kisha hata huyo akanyamaza.

"Paukwa!"

Kimya.

"Ala! Mmeshalala wote? Basi tena, nami nikajilalie."

Hidaya alijua maana yake. Visa vilivyoachwa njiani namna ile pale kituoni walikwisha kuvinasa, na watu wake wa huku hawakuonekana tena, si wazima si maiti. Akamgeukia Machano. Mzee alikuwa amejiziba mdomo kwa viganja viwili, na macho yamemtoka.

"Hakuna hata mmoja jamani?" mwanamke akauliza, akipiga mwayo. "Paukwa!"

Neno hilo mtu hulijibu kabla akili haijamwambia anyamaze. Ndivyo tulivyolelewa.

"Pakawa!" likamtoka Hidaya.

Nyuzi za shaba zikatetemeka. "He! Nani wewe? Hiyo si sauti ya mwanangu."

"Ni... ni msikilizaji tu, mama. Nakuomba usiikate. Imalize."

Mwanamke akacheka, kicheko cha mtu mwema aliyechoka. "Mtu mzima na ngano! Haya, yamenifika leo. Unataka niimalize vipi?"

Hidaya hakufikiri. "Arudi! Mume wangu arudi mzima, mama, kwa jina la Mungu!"

"Kumbe yumo mume wa mtu humo! Nawe ungesema mapema. Basi, mlango ukavunjwa, mume yule akatolewa, akashushwa mpaka kwa mkewe, akapakuliwa wali wa moto akala akashiba. Na mimi maneno yangu yamekwisha, ninakwenda kulala."

"Ngoja, mama! Yumo na mwenz—"

Sauti ilikwisha kukatika. Hidaya akaruka mpaka kwenye kipaza sauti, akapiga kelele, "Pakawa! Pakawa! Pakawa!" Lakini hakuna aliyekuwa ameita, na kuitikia bila kuitwa hakufungui kitu.

Muda si mrefu taarifa ya mji ikasikika kwenye redio ya ukutani. Roboti zimefika na kuvunja mlango. Barakoa za hewa zilikuwa mbili, ila iliyokuwa inafanya kazi ni moja tu, na aliyeivaa ni fundi Mbwana. Yu hai, anashushwa.

Ukweli usemwe: furaha ilimjaa Hidaya kifuani mpaka akacheka kwa sauti. Ilimpasa acheke kwanza ndipo akumbuke. Akageuka taratibu.

Machano alikuwa bado ameketi palepale. Viganja vilikuwa vimeshuka magotini, na alama za vidole zimebaki mashavuni.

"Mzee," Hidaya akasema, na machozi yakaanza kumtoka. "Nimevunja sheria yako. Nisamehe."

"Sikulaumu kwa kuitikia. Na mimi ningeitikia."

"Sasa mbona ulinyamaza? Ulipoona nimeshafungua mlango, mbona hukumtaja Faki?"

Mzee akamtazama kama anayemwona kwa mara ya kwanza, bila hasira yoyote.

"Alipokuuliza hadithi iishe vipi," akasema, "nilijua utasema 'warudi'."