Mpaka Uliponyamaza

"Hii sauti ni ya nani?"

Fundi cherehani alivua hedifoni na kumkazia macho mumewe, ambaye mtaa mzima ulimwita Mshairi. Kazi yake ilikuwa kuchanganya mashairi yasiyo na vina na sauti za kila siku alizozinasa mwenyewe: birika likichemka, ufagio uani, mlango wa duka ukifunguliwa. Kesho alikuwa na onyesho kubwa, na kama kawaida yao, mke ndiye aliyesikiliza kwanza.

"Ya mwanamke tu," akajibu, akijifanya anapanga nyaya.

"Ni mimi. Ni siku ile mimba ilipotoka."

Mshairi akaziacha nyaya.

"Hakuna atakayekutambua, mke wangu. Nimeipunguza kasi."

"Sijauliza hilo. Siku ile nilikuita kutoka bafuni mpaka koo likakauka. Ukaniambia ulikuwa dukani. Mbona humu nasikia mtu anahema karibu kabisa na kinasa sauti?"

Mshairi akanyoosha mkono kuzima mashine, mkewe akauzuia.

"Ni nani huyo?"

"Ni mimi."

"Ulikuwa mlangoni pa bafu?"

"Nilikuwa nakuja kufungua. Kinasa sauti kilikuwa mkononi, kimeshawashwa. Nikasema nisubiri kidogo."

"Kidogo mpaka lini?"

"Mpaka uliponyamaza."

Jamani, kuna watu wana roho. Mwanamke yuko sakafuni anavuja damu, na bwana mkubwa amesimama nje kwa adabu zote, asije akaiharibu kazi yake.

"Ni shairi langu bora kuliko yote," akasema taratibu. "Nimelitunga kwa ajili ya mtoto wetu."

Hapo ndipo alipoharibu kabisa. Mkewe hakupandisha sauti. Alifunika cherehani yake, akapiga simu.

"Kaka, njoo na gari. Ndiyo, na cherehani tunabeba. Hapana, hajanipiga. Njoo, nitakueleza."

Jioni, akiwa chumbani kwa wifi yake, ujumbe ukaingia:

"Nimeifuta. Onyesho nimeliahirisha. Nakupenda, rudi nyumbani tuyamalize."

Aliusoma mara mbili. Bado alimpenda, na hilo ndilo lililomchoma zaidi. Akaandika:

"Siku ile nilikuita mara ngapi?"

Alitaka mumewe aseme hajui. Angesema hajui, pengine mkewe angerudi.

Jibu lilikuja papo hapo:

"Kumi na tisa."

Akazima simu.