Dorsey Alivyojifunza Kusahau

Jamani, sogeeni niwape habari za nyumba ya Guidry, pale Louisiana, ile nyumba ya mwisho kabla ya mashamba ya miwa. Mwanzo wake unachekesha kweli. Mkicheka sitawalaumu, maana hata wenyewe walicheka, tena mpaka wakashika mbavu.

Ilikuwa Jumapili ya mwezi Julai, watu wametoka kanisani. Nyuma ya nyumba sufuria kubwa lilikuwa linatokosa kaa, mahindi na viazi, na pilipili yake ilikuwa inawatoa machozi mpaka majirani. Aliyekoroga ni Dorsey mwenyewe, mwanamume mwenye mwili kama kabati, amejifunga aproni ya maua ya mkewe. Binti yake Camille, wa miaka sita, alikuwa amemkalia mabegani, kamshika masikio kama usukani wa gari.

"Kushoto, Baba!"

"Kushoto kuna moto, mama. Unataka kunila pamoja na mahindi?"

Yolanda, mkewe, alikuwa anakata ndimu mezani na kuwatazama. Siku ile hakuwa na shida hata moja duniani.

Dorsey alikuwa mchezaji wa kulipwa wa mpira wa Kimarekani, ule wa kofia ngumu na mabega ya plastiki. Alicheza ulinzi, katikati. Kazi yake ilikuwa kumkimbilia mwenye mpira na kumwangusha chini, kichwa kikitangulia. Mji mzima ulivaa jezi yake. Kinyozi alimnyoa bure. Pasta alifupisha mahubiri siku za mechi, jambo ambalo hata Roho Mtakatifu hakuwahi kuliweza.

Mara akaingia Wendell Batiste, mchezaji mwenzake, mikono mitupu lakini tumbo tayari.

"Shemeji Yolanda, umeshamfundisha mumeo ujinga? Wiki ijayo anapimwa akili!"

"Ujinga alikuja nao," Yolanda akajibu. "Kupimwa vipi?"

Wendell akaeleza huku anavunja kaa. Kabla ya msimu kuanza, daktari wa timu humtajia kila mchezaji maneno matano. Wanazungumza mambo mengine kidogo, halafu anamwambia ayarudie. Majibu yanawekwa. Mchezaji akigongwa kichwa kwenye mechi, anaulizwa tena, na akionekana ameshuka, anakaa nje mpaka apone.

"Sasa mtu mwerevu hukosea makusudi mwezi Julai," Wendell akasema. "Hata ukigongwa na lori mwezi Novemba, daktari ataona hujabadilika. Anakurudisha uwanjani."

Yolanda akacheka. Akafuta mikono, akajifanya daktari, sauti ya puani. "Bwana Guidry! Ndimu, farasi, kijiko, kanisa, mvua. Rudia!"

Dorsey akafumba macho kama nabii. "Ndimu..." Akakuna kichwa. "Bata."

"Bata katoka wapi?"

"Katoka kwa mama yako."

Mama Earline, mama mzazi wa Yolanda, akamrushia ganda la kaa likampata kifuani. Camille akacheka hadi akateremka mabegani. Tangu siku hiyo ukawa mchezo wa nyumba. Wakiwa kwenye gari, wakiwa wanaosha vyombo, Camille huanza: "Ndimu, farasi, kijiko, kanisa, mvua!" Na Dorsey hujibu: "Ndimu... bata!"

Kwa daktari akajibu vilevile. Daktari akatikisa kichwa, pengine akajisemea kwamba huyu Mungu alimpa mabega tu.

Novemba ikafika. Yolanda na Camille walikuwa jukwaani. Dorsey akamkimbilia mtu mkubwa kuliko yeye, na mlio wa kofia zile mbili ukasikika mpaka viti vya juu. Yule mwingine aliinuka. Dorsey alilala chali, mkono mmoja umenyooka hewani, vidole vimekakamaa kama anashika kitu kisichokuwepo.

Wakamwinua, wakamkalisha pembeni. Yolanda akaona daktari amechuchumaa mbele yake, midomo inasema maneno. Baada ya muda Dorsey akasema kitu kifupi. Daktari akamgonga bega, na Dorsey akavaa kofia yake akarudi. Uwanja mzima ukasimama kumpigia makofi. Yolanda naye akasimama. Naye akapiga.

Asubuhi yake alimkuta jikoni, amefungua friji, anatazama ndani tu. Friji imeshaanza kulia.

"Dorsey, unatafuta nini?"

"Hilo ndilo ninalojiuliza."

Wendell akaingia kwa mlango wa nyuma, kicheko kinamtangulia. "Shemeji, ungemwona jana! Kampiga daktari ile ya bata, nikabana kicheko nusura nipasuke!"

Dorsey hakucheka. "Sikufanya mzaha, kaka. Nilishika ndimu tu. Mengine yalipita."

"Na bata je?"

"Bata ndilo neno lililokuwepo."

Yolanda akachukua simu. "Nampigia daktari."

Dorsey akamshika mkono taratibu, maana mtu yule alikuwa mpole, nawaambia. "Yola, ukimwambia ya jana, atauliza ya Julai. Watanikalisha nje. Yule kijana wa akiba ana njaa ya kucheza, nikimpa mechi moja tu sitaiona tena nafasi yangu. Niache nimalize msimu. Nikimaliza, nitasema mwenyewe."

Yolanda akamtazama Wendell. Wendell akatazama viatu vyake. Simu ikarudi mezani.

Msimu ukaisha, Dorsey hakusema. Ukaja mwingine na mwingine, na kila Julai bata yule yule alipelekwa kwa daktari. Ila nyumbani mchezo ulianza kukosa utamu. Siku moja alimfokea Camille kwa sababu ya kelele za kijiko tu, mtoto akajificha chumbani kwa bibi yake. Siku nyingine alipotea kati ya nyumba yake na kwa kinyozi, njia aliyoipita tangu utotoni. Mwishowe timu ikamuaga kwa hotuba nzuri na saa ya ukutani. Kinyozi akawa ananyoa bure kichwa kingine.

Yolanda akampeleka mjini kwa daktari wa ubongo, mama mmoja mtulivu aitwaye Fontenot. Yule mama akasoma majibu ya miaka yote.

"Bi Guidry, hapa sioni alipoanza kushuka. Inaonekana alikuwa hivi tangu mwanzo."

"Hapana, daktari! Alikuwa anajifanya. Mume wangu alikuwa anakumbuka mpaka siku ya kuzaliwa ya mbwa wa jirani!"

"Alianza lini kutojifanya?"

Yolanda akalia. "Novemba ile. Niliijua siku ile ile."

Daktari akavua miwani. "Angekuja siku ile, ningemwambia apumzike, na asingeendelea kugongwa juu ya jeraha bichi. Siwezi kuapa kwamba angepona. Lakini hiki kipimo kiliwekwa kipige kelele kwa niaba yake, nanyi mlikiziba mdomo."

Majuzi ilikuwa Jumapili tena, Julai tena. Sufuria lipo palepale nyuma ya nyumba, anakoroga Yolanda. Wendell alikuja, akakaa mbali karibu na uzio, hakugusa kaa. Camille, sasa binti mrefu, alichuchumaa mbele ya kiti cha baba yake, akamshika mikono.

"Baba. Ndimu, farasi, kijiko, kanisa, mvua."

Dorsey akafumba macho. Wote wakangoja. "Ndimu..." akasema. "Bata."

Camille akamtafuta usoni, labda atamkonyeza kama zamani. Hakukonyeza.

"Bata katoka wapi, Baba?"

"Sijui, binti." Akamtazama vizuri, kwa adabu. "Wewe mzuri hivi, mama yako nani?"

"Yolanda."

"Ah. Namjua Yolanda mmoja," Dorsey akasema, uso ukamng'aa. "Anacheka vizuri sana yule."

Yolanda akageukia sufuria, akaendelea kukoroga.

FUNZO

Ndugu zangu, usimdanganye daktari. Ukimficha ugonjwa, humkomoi yeye. Yeye anarudi kwake, wewe unabaki na mwili wako.

Nawe uliye mke, mume au rafiki, siku utakapoona mwenzako ameumia naye anakusihi unyamaze, usinyamaze. Akikukasirikia, mwache akukasirikie. Anayekukasirikia bado anakujua jina.

Na sisi watazamaji, mtu akiinuka anayumba tukampigia makofi ili arudi kugongwa, tusiseme hatukuwepo. Tulikuwepo, tena tumesimama.